Michirizi ya fedha kwenye majani machanga ya michungwa: kabla hujanunua dawa, mfahamu huyu nondo

#1 Msasa Mtamu, Muheza

Habari za jioni wakuu.

Kila vuli ikishika, simu yangu inajaa picha za namna moja. Jani changa la mchungwa au mlimao limejikunja kama kiganja cha mtoto aliyefumbata sarafu, na juu yake kuna mchirizi mweupe unaong'aa, umezungukazunguka utadhani konokono kapita. Chini ya picha swali halibadiliki: "Kaka, nipige dawa gani?" Nimeshawajibu watu wengi mmoja mmoja. Leo naliweka hapa lote, maana najua kuna mtu muda huu yuko njiani kwenda dukani na hela aliyoitenga kwa ada ya mtoto.

Mimi ni mtu wa kitalu. Nazalisha miche ya michungwa ya kubebesha, yaani kikonyo cha mti mzuri kinaunganishwa kwenye shina la mche mwingine kama mlimao. Zaidi ni aina za Msasa na Valencia, na ndimu kidogo. Mwaka wangu wa kwanza nilikuwa na viriba 1,200 vya mlimao, shina limekaribia unene wa penseli, nasubiri tu kubebesha. Mvua ikanyesha, miche ikachipua vizuri sana, na ndani ya wiki mbili kila ncha ikawa imejikunja na kung'aa. Nikaenda duka la pembejeo, nikapewa dawa ya kuua kwa kugusa, kali, harufu yake inafika mpaka jikoni. Nikapiga. Siku ya tano nikapiga tena. Mara ya tatu nikazidisha kipimo kuliko kilichoandikwa kwenye chupa, jambo ambalo leo namsihi kila mtu asilifanye. Michirizi ikazidi. Walioisha kitaluni ni buibui.

Aliyenifumbua macho ni bibi shamba mmoja aliyekuwa anapita kwa shughuli nyingine kabisa. Alichuma jani, akalielekeza kwenye jua, akachomoa pini kwenye mtandio wake. Akaingiza ncha ya pini pembeni mwa mchirizi na kuinua ngozi ya jani taratibu, ile ngozi ya juu kabisa, nyembamba kuliko ya kitunguu. Mwisho wa mchirizi, pale unapokuwa mpana, alikuwepo kiwavi. Rangi yake kijani kinachoelekea njano, mwili bapa, mwanga unapita ndani yake, urefu haufiki milimita 3. Nyuma yake, katikati ya njia yote aliyopita, kulikuwa na mstari mwembamba mweusi kama wa kalamu ya risasi. Hicho ni kinyesi chake.

"Umepiga dawa juu ya bati," akaniambia, "na mwenye nyumba yuko ndani."

Jina la kitaalamu la mdudu huyu ni Phyllocnistis citrella. Ni nondo, yaani yule ndugu wa kipepeo anayeruka usiku, siyo inzi na siyo minyoo kama wengi wanavyodhani. Ukimwona akiwa mkubwa huwezi kuamini kwamba ndiye mwenye kesi yote hii. Akitandaza mabawa, kutoka ncha hadi ncha ni kama milimita 4, mdogo kuliko punje ya mchele. Mabawa ni meupe ya kung'aa yenye mistari ya kahawia, na kwenye ncha ya kila bawa la mbele kuna nukta moja nyeusi. Mchana anajibanza, shughuli zake ni jioni, usiku na alfajiri. Jike hutaga yai moja moja, mara nyingi upande wa chini wa jani changa karibu na mshipa wa katikati. Yai linafanana na tone dogo la maji, ukipitisha kidole hulisikii.

Yai likianguliwa, kiwavi hatembei nje hata hatua moja. Anatoboa moja kwa moja chini ya ngozi na kuanza kunyonya utomvu wa chembe za ngozi ile. Hatafuni nyama ya kijani ya jani. Anaitenganisha ngozi na nyama, hewa inaingia katikati, na hewa hiyo ndiyo inayoleta ule mng'ao wa fedha. Akikua anapitia hatua nne, na katika hatua ya mwisho hali tena. Anakwenda ukingoni mwa jani, anasuka uzi wa hariri, ukingo unavutwa na kujikunja juu yake, na humo anageuka pupa, yaani hatua ya kulala kabla ya kuwa nondo. Kwa hiyo wakuu, ukikuta kijikunjo kidogo ukingoni, kifungue kwa ukucha. Pupa ya kahawia iko humo, au ganda tupu kama ameshaondoka.

Yai huchukua siku 2 hadi 10, kiwavi siku 5 hadi 20, pupa siku 6 hadi 22, kutegemea joto. Huku kwetu pwani joto lipo, kwa hiyo ni wiki mbili na kidogo tu kizazi kinakamilika.

Sasa shikeni hili, ndilo lililonifanya nifungue uzi: huyu mdudu anaweza jani changa tu. Jani likishakuwa gumu na kijani kizito, ngozi yake haimfai tena. Nilijaribu mwenyewe kwa kufunga nyuzi nyekundu kwenye machipukizi 40 siku yalipofunguka, nikawa nayakagua kila asubuhi. Michirizi karibu yote ilianza wakati jani halijapita urefu wa kidole gumba changu. Majani yaliyovuka hapo yakiwa mazima, yalibaki mazima. Ukijua hivyo unaacha kuhesabu siku za dawa, unaanza kuhesabu siku za chipukizi.

Wenye michirizi shambani, wekeni picha na umri wa mti. Umri ni muhimu kuliko picha.

#2 Nyanya Tupu, Kilolo

Mkuu heshima yako. Mbona hii ni kantangaze kabisa? Mimi nyanya zangu zilimalizwa na mdudu wa kuchimba majani hivihivi, ndani ya jani kunakuwa na kiwavi. Kama amehamia kwenye miti ya matunda basi tumekwisha.

#3 Msasa Mtamu, Muheza

Hajahamia ndugu yangu, pumua. Pole kwa nyanya, kantangaze tunajua alivyowafanya watu. Wote wawili ni nondo na wote wanajificha ndani ya jani, lakini koo zao ni mbalimbali na hata walikotoka ni mbali. Kantangaze asili yake Amerika Kusini, anashikilia nyanya na jamaa zake kama viazi mviringo na biringanya. Huyu wa michungwa asili yake Asia, anakaa kwenye ukoo wa machungwa: ndimu, limau, chenza, balungi.

Hata alama zao hazifanani. Kantangaze anatafuna nyama ya jani, anaacha mabaka mapana ya kukauka, na anaingia kwenye tunda. Huyu anaacha njia nyembamba ya kujipindapinda yenye mstari mweusi katikati, na tunda la chungwa kwa kawaida haligusi. Mwenye nyanya na michungwa shamba moja asihofu kwamba mmoja atamwambukiza mwenzake.

#4 Mama Kitalu, Morogoro

Asante sana kaka. Mimi nina miche 350 nyuma ya nyumba, ya chenza na chungwa, umri miezi saba. Niliambiwa na jirani nikate majani yote yenye michirizi nichome moto ili kuua mbegu yake. Nikakaa na mkasi siku mbili. Baada ya hapo miche ikachipua upya yote kwa mpigo, na hayo machipukizi mapya ndiyo yameshambuliwa kuliko yale ya kwanza. Nilihisi kama nimelogwa. Sasa miche imedumaa, mingine ina majani manne tu. Nifanyeje?

#5 Msasa Mtamu, Muheza

Dada, pole sana, na wala hukufanya uzembe. Ushauri huo unazunguka kila mahali, hata mimi nilishaupewa.

Ukikata, mmea unajibu kwa kuchipua. Chipukizi ndiyo meza anayoisubiri yule nondo. Na ukikata yote siku moja yanachipua yote siku moja, ukiwa tayari na nondo walioruka kutoka kwenye majani uliyochelewa kuyakata. Halafu kuna hasara ya pili ambayo haionekani: jani lenye michirizi bado linafanya kazi. Lile la kijani lililo chini ya ngozi halijaliwa, linaendelea kutengeneza chakula cha mche. Baya kwa sura, lakini linakulisha mche wako. Liache.

Kwa sasa usikate kitu tena isipokuwa maotea, yale machipukizi marefu yanayotoka chini ya mahali pa kubebeshea au kwenye shina. Hayo ondoa kila ukiyaona, kwa sababu yanaleta majani machanga mfululizo na hayana faida kwako. Pili, punguza mbolea ya chumvichumvi yenye naitrojeni. Najua unataka miche inyanyuke haraka, ila ukiijaza urea itachipua bila kupumzika na huyu mdudu atapata chakula wiki zote. Tumia mboji au samadi iliyooza vizuri, kidogo kidogo. Mwagilia kwa utaratibu, usiikaushe wiki nzima kisha ukaifurikisha.

Unachotaka ni machipukizi yatoke kwa pamoja, yakomae kwa pamoja, kisha mche upumzike. Siku zile chache za uchanga ndizo za kulinda. Jinsi ya kulinda nitaandika chini, nipe muda nifunge kitalu.

#6 Mwanzo Mpya, Makueni

Hamjambo ndugu zangu wa Tanzania. Mimi niko huku Makueni, nina michungwa 300 ya miaka minane, mingine imeshazaa misimu minne. Mvua za Novemba zimeleta hayo maneno kwenye ncha za matawi. Wa agroveti ananiambia ninunue dawa ya kumwaga kwenye mizizi, miti yote 300. Nimepiga hesabu, ni pesa nyingi sana. Sitaki kupoteza mazao lakini pia sitaki kudanganywa.

#7 Msasa Mtamu, Muheza

Karibu sana ndugu. Ulivyotaja umri nimefurahi.

Nenda asubuhi kwenye mti mmoja, simama mbali kidogo uutazame wote. Majani yenye michirizi yako wapi? Nina hakika yako nchani tu, kama shada juu ya kichwa. Mti wa miaka minane una maelfu ya majani yaliyokomaa ambayo mdudu huyu hawezi kuyafanya lolote, na hayo ndiyo yanayobeba machungwa. Mti wa zaidi ya miaka minne kwa kawaida anauchafua sura tu, mavuno hayashuki. Usimwage dawa kwenye miti 300 kwa ajili ya shada.

Halafu fikiria nyuki. Dawa nyingi za kumwaga mizizini zinapanda na utomvu mpaka kwenye ua. Imidacloprid, ambayo ndiyo inayouzwa sana kwa kazi hii, Umoja wa Ulaya uliipiga marufuku kutumika mashamba ya wazi mwaka 2018 kwa sababu ya nyuki. Mimi sisemi haina mahali pake. Mche mdogo kabisa usio na maua, ukiwa umeshambuliwa vibaya, kuna wataalamu wanaishauri na inafanya kazi kwa sababu inaingia ndani alipo kiwavi. Ila kwa mti unaotoa maua, mimi binafsi siigusi.

Hiyo pesa iweke kwa inzi wa matunda. Huyo ndiye anayekutoboa mfuko kweli, kwenye machungwa na kwenye maembe.

#8 Darubini, Morogoro

Wakuu, nasomea wadudu, naomba niongeze historia kidogo kwa sababu inasaidia kuelewa kwa nini Msasa Mtamu anakwepa dawa kali.

Mdudu huyu alipewa jina la kitaalamu mwaka 1856 na Mwingereza Henry Tibbats Stainton, kutokana na vielelezo vya Calcutta, India. Kwa miaka mingi alijulikana kama mdudu wa Asia na baadhi ya nchi za Afrika na Australia. Kisha Mei 1993 akaonekana kwenye vitalu vya Homestead, kusini mwa Florida, Marekani. Mwaka huohuo akaonekana Hispania. Ndani ya miaka michache tu alishaenea Bahari ya Mediterania na sehemu kubwa ya mabara ya Amerika. Nondo wa milimita 4 hawezi kuvuka bahari kwa mabawa yake. Anasafirishwa na miche.

Florida walihangaika na dawa, wakakutana na alichokutana nacho mleta uzi: kiwavi amejifunika, na dawa inaua maadui zake kabla yake. Maadui hao ni nyigu wadogo sana, siyo hawa wanaotuuma. Wengine hawafiki hata milimita 2. Jike la nyigu linatafuta mchirizi, linapitisha mkia wake kwenye ngozi ya jani na kutaga juu ya kiwavi au ndani yake. Mtoto wa nyigu anamla kiwavi humohumo ndani.

Mwaka 1994 Florida walimleta nyigu anayeitwa Ageniaspis citricola kutoka Australia, ambako naye alikuwa ameletwa kutoka Thailand. Huyu ana maajabu yake: yai moja likishaingia linagawanyika lenyewe na kutoa nyigu kadhaa. Kiwavi anaendelea kula kama kawaida, anafika ukingoni, anakunja jani, na ndani ya kile kijikunjo badala ya nondo mmoja wanatoka nyigu wa familia moja.

Kuna jambo la pili lililowatia hofu wenzetu, nalo ni ugonjwa wa kansa ya machungwa. Ni wa bakteria. Nondo hausambazi, lakini mchirizi ni jeraha lililo wazi, na mvua ya upepo ikirusha bakteria wanapata mlango mpana. Florida walianza kampeni ya kung'oa miti yenye ugonjwa huo mwaka 1995, wakaiacha 2006 baada ya vimbunga kuusambaza kupita uwezo wao. Kwa hiyo nasema hivi: usinunue miche ya majani yenye vidonda vinavyojitokeza kama upele wenye duara la njano, hata kama bei ni nusu.

#9 Mndimu, Batina

Assalaam alaykum jamaa. Nakuandikieni kutoka Oman. Sisi wazee wetu walikuwa na mindimu mingi huku Batina, na ndimu kavu ya Oman mnaijua. Shamba la marehemu babu limebaki na miti michache. Majani yana michirizi hiyo mnayoisema, na kuna miti miwili imeota matawi kama fagio, majani madogo madogo ya rangi ya kupauka yamesongamana. Nataka kujua kama ni huyuhuyu mdudu aliyeimaliza mindimu yetu.

#10 Darubini, Morogoro

Wa alaykum salaam mzee wangu. Pole kwa shamba la babu.

Siye. Hilo fagio ni ugonjwa mwingine kabisa, unasababishwa na kiumbe kidogo kinachofanana na bakteria kinachoishi kwenye mishipa ya mti, na ndio ulioiua mindimu ya Oman kuanzia miaka ya 1980. Hauna dawa ya kuuponya. Unabebwa na wadudu wadogo wanaorukaruka wanaonyonya utomvu, na pia na vikonyo vya kubebeshea vilivyotolewa kwenye mti mgonjwa. Hiyo miti miwili iondolewe na kuchomwa kabla haijawapa wenzake, na usichukue kikonyo hata kimoja hapo, hata kutoka kwenye tawi linaloonekana zima.

Michirizi kwenye miti iliyobaki ni huyu nondo. Yapo pamoja kwenye shamba moja, lakini moja halitokani na lingine. Usiache michirizi ikakushughulisha ukalisahau fagio.

#11 Mndimu, Batina

Allah akulipe kheri mwanangu. Kesho naitoa. Mmoja alioupanda babu mwenyewe kwa mkono wake, lakini naitoa.

#12 Msasa Mtamu, Muheza

Mzee wangu, pole. Tupo pamoja nawe.

Nilimwahidi Mama Kitalu jinsi ya kulinda chipukizi.

Natumia mwarobaini. Mbegu, siyo majani, kwa sababu nguvu iko kwenye mbegu. Zilizoiva ziokotwe, zioshwe nyama ya nje, zikaushwe kivulini, siyo juani. Zimenywe, kisha twanga gramu 50 kwa kila lita 1 ya maji. Usitwange mpaka zitoe mafuta, acha chengachenga. Funga kwenye kitambaa, loweka usiku mzima, asubuhi kamua na kuchuja mara mbili la sivyo utaziba bomba. Weka sabuni ya kipande iliyoyeyushwa, kidogo tu, ili dawa ishike kwenye jani.

Piga jioni jua likishapoa, kwa sababu mwanga wa jua unaiharibu na kwa sababu jioni ndipo nondo anapotoka. Ingiza mdomo wa bomba chini ya majani, sehemu anayotaga. Anza chipukizi likiwa na urefu wa punje ya mchele. Rudia kila baada ya siku 5 hadi 7 mpaka majani yakaze, kisha acha kabisa. Mvua ikinyesha rudia. Kwenye kitalu changu chipukizi moja linataka mizunguko mitatu, mara chache minne. Haiondoi michirizi yote. Inaipunguza mpaka mche unakua bila kusimama, na buibui wako wanabaki.

Kwanza jaribu kwenye miche kumi usubiri siku mbili, uone kama sabuni haijaunguza ncha.

#13 Bei Poa, Dar es Salaam

Naheshimu mnachoandika lakini mimi nauza miche barabarani. Mteja akija akiona jani lina mchirizi anaenda kwa jirani. Haya ya nyigu na kusubiri yanafaa mwenye shamba, siyo mwenye biashara ya mche.

#14 Msasa Mtamu, Muheza

Nakuelewa kabisa, nami nauza miche, na nimeshapoteza wateja kwa sababu hiyohiyo. Ninachofanya siku hizi ni kumwonyesha mteja. Nachuma jani moja mbele yake, namfunulia kwa pini, namwambia huyu ndiye, na jani gumu hili hapa chini haliwezi. Kisha nageuza kiriba namwonyesha mizizi na mahali pa kubebeshea. Mteja anayenunua mchungwa anataka kuishi nao miaka 30, akipewa maelezo ya kweli anasikiliza. Na mche uliooshwa kwa dawa kali kila wiki unang'aa barabarani, ukifika shambani unakutana na nondo bila adui hata mmoja.

Nikiri kwamba siyo wote wanaoelewa. Wengine wanaondoka.

#15 Korosho Safi, Newala

Wakuu, sisi wa mikorosho je? Kwenye majani machanga ya mikorosho naona malengelenge ya kijivujivu, siyo mchirizi wa nyoka kama wenu. Jani likikua lengelenge linakauka na kuacha tundu. Mwembe wa jirani nao unayo.

#16 Darubini, Morogoro

Korosho Safi, maelezo yako ni mazuri kuliko picha. India kuna nondo wa ukoo mmoja na huyu wa michungwa, ukoo wa Gracillariidae, anaitwa Acrocercops syngramma, na dalili zake ndizo hizo hasa: lengelenge pana kwenye majani machanga ya mikorosho na miembe, kisha tundu jani likikomaa. Chukua majani machache yenye malengelenge mabichi, yaweke kwenye chupa safi yenye kitambaa mdomoni, mpelekee afisa ugani wako au kituo cha utafiti cha Naliendele, mjue kwa hakika. Wakati huohuo kanuni ya majani machanga inabaki ileile. Mkorosho mkubwa hauna haja ya kuhangaishwa kwa malengelenge machache, miche ndiyo ya kuangalia.

Na usiue maji moto mikorosho yako ikiwa nayo. Wale sisimizi wekundu wa kushona majani ni walinzi wanaojulikana dhidi ya mbu wa mikorosho na kunguni wa minazi. China walikuwa wakiwaweka ndugu zao kwenye michungwa tangu karne ya 4, wakiwauza kwa viota vyao sokoni. Ila uwe mkweli kuhusu tabia yao: wanafuga pia vidung'ata vya utomvu kwa ajili ya asali yao, na wakati wa kuchuma wanauma vibaya.

#17 Mwanzo Mpya, Makueni

Nimefanya kama ulivyosema, ndugu Msasa. Nimesimama mbali nikautazama mti. Ni nchani tu, kweli. Sijanunua ile dawa. Nimenunua mitego ya inzi, na mabaki ya machungwa yaliyoanguka nimeanza kuyafukia.

#18 Mama Kitalu, Morogoro

Narudi baada ya wiki tano. Sikukata kitu, nimeondoa maotea tu, urea nimeacha. Mwarobaini nilipiga mara tatu kwa chipukizi lililotoka mwanzoni mwa mwezi. Miche mingi sasa ina majani nane mpaka kumi, ya chini yamejikunja, ya juu yamenyooka.

Jana nilikaa na mwanangu wa darasa la sita, tukachuma majani 30 yenye michirizi tukayafungua kwa pini, simu ikiwa imekuzwa mpaka mwisho. Kwenye 12 kulikuwa na ganda tupu au hapakuwa na kitu. Kwenye 7 kiwavi mzima. Kwenye 11 kiwavi alikuwa amekauka, na pembeni yake kuna kitu cheusi kidogo kama chembe ya pilipili manga iliyosagwa, kimoja kilikuwa kinatikisika. Mtoto aliona kabla yangu. Hicho ni nini kaka? Nikiue?

#19 Msasa Mtamu, Muheza

Dada, usikiue! Huyo ni yule nyigu aliyeelezwa na Darubini. Kumi na moja kwenye thelathini, na wiki tano zilizopita ulikuwa na mkasi mkononi.

Majani mliyoyafungua msiyatupe. Muwekee mwanao kwenye chupa ya kioo, kitambaa chembamba mdomoni, kivulini, aone wakitoka, kisha aufungue mdomo wa chupa katikati ya miche. Mwarobaini usipige tena mpaka chipukizi lijalo lifunguke.

#20 Mama Kitalu, Morogoro

Chupa iko dirishani. Asubuhi hii wametoka wanne, wanang'aa kijani. Mwanangu amekataa kwenda shule mpaka nimwahidi kwamba hatafungua mtu mwingine.